Mkono Uliongoja Kabari

Bugarama, Jumapili, Aprili 1976. Mvua tangu alfajiri, imekatika saa tisa mchana. Tope kila mahali. Moyo wangu leo sijui niuandikeje.

Daftari langu, wewe unanijua. Mimi si mtu wa kukosa maneno. Kuanzia Tinde mpaka Kahama, na kutoka Kahama mpaka huku kwenye dhahabu, hakuna mtoto asiyeijua sauti yangu kwenye kipaza sauti cha gari la sinema. Filamu ikikatika, mimi naendelea kusimulia mpaka niiunge, na wapo wanaoapa kwamba kile kipande ambacho hakikuonekana ndicho kilikuwa kitamu kuliko vyote. Nimefika Dar es Salaam mara mbili, Nairobi mara moja, Mwanza sihesabu. Shule niliacha darasa la sita kwa hiari yangu. Mwalimu mkuu alikuwa na maelezo mengine, lakini yeye hana daftari hili.

Basi mtu huyo huyo amekaa ndani ya gari lake jioni hii, ameshika tama kama mfiwa.

Sijafiwa. Ngoja niandike kwa mpangilio, maana damu ya baba ni yangu, na siku moja huenda nikahitaji kusomewa haya.

Baba yangu, Mzee Lukelesha, alikuwa fundi wa nguzo kwenye mgodi wa dhahabu kule Geita. Wengine walichimba, yeye na wenzake walisimamisha magogo chini huko shimoni ili dunia isiwaangukie. Mgodi ulipofungwa, miaka kumi iliyopita, alirudi na nyundo yake na kikohozi. Sasa anaishi hapa nje kidogo ya Bugarama kwa dada yangu mkubwa, Kabula, na majirani wanamwita Baba Kabula.

Mwaka wa pili huu anasahau. Alianza na kofia, akaja kwenye siku za juma, akafika kwa mama, ambaye tulimzika zamani naye bado anauliza amekwenda kisimani saa ngapi. Kisha ikawa zamu yangu.

Kabula hajamsahau, kwa sababu ndiye anayempa uji kila asubuhi. Mimi ninayekuja mara moja kwa mwezi na kelele zangu, ananichukulia kuwa karani wa zamu wa mgodini. Nadhani ni hii kalamu ninayochomeka mfuko wa shati ili watu wajue wanaongea na nani. Namwambia shikamoo baba, naye anageuka kuangalia nyuma yake, huyo baba anayeamkiwa ni nani. Halafu anasimama wima, kofia mkononi.

"Mia mbili kumi na nne, bwana karani. Nimefika."

Ndiyo iliyokuwa namba yake ya kazi. Nami nachomoa kalamu, naandika hewani. "Nimekuandika, mzee." Anakaa, uso umetulia kabisa.

Kabula hapendi. "Masalu, unamdanganya mzazi wako."

"Simdanganyi, dada. Nampumzisha."

"Mwambie jina lako."

Nimemwambia, daftari. Mara mia. Siku moja alifikiri sana, akaniambia, "Masalu? Ni jina zuri. Mimi pia ninaye mmoja wa jina hilo. Amekwenda mbali na magari."

Na hapa niungame jambo ambalo sijamwambia mtu. Kisa hiki cha karani nimekisimulia vilabuni Kahama, kwa sauti ya mzee na kofia mkononi, watu wakacheka mpaka machozi, wakaninunulia bia. Nimekunywa bia za watu kwa ugonjwa wa baba yangu. Zilikuwa baridi, na zote nilizimaliza.

Nilichokuwa nakitaka ni kimoja tu. Aniite jina langu, mara moja, akijua ni mimi.

Kamera yangu niliachiwa na padri mmoja aliyekuwa anarudi kwao. Ni ya kukaza kwa mkono kama saa ya mezani. Ukiikaza mpaka mwisho inakwenda chini ya nusu dakika, halafu inakoroma na kulala. Padri aliniachia pia maboksi machache ya filamu. Mtu mwingine angepiga harusi. Mimi, kwa kuwa nina kichwa kikubwa (mama alikuwa akilalamika tangu siku ya kunizaa), nikataka filamu ambayo haijawahi kufanywa na mtu yeyote. Filamu ninazoonyesha kazini zote zinafundisha: chemsha maji, chimba choo, nyunyizia pamba dawa. Yangu isifundishe kitu. Yangu iulize tu: kumbukumbu ya mtu inakaa wapi?

Jibu nilikuwa nalo tayari. Inakaa machoni. Ningesema nini kingine, mimi mtu wa sinema?

Nikawafuata watu waliofanya kazi mgodini, mmoja mmoja, nikawaomba wafanye kazi yao ya zamani mbele ya kamera, mikono mitupu, bila chombo hata kimoja. Mwendesha winchi alivuta mikono ya mashine isiyokuwepo, akaegemea nyuma kama zamani. Aliyekuwa mpishi wa kambi alikoroga sufuria la hewa, akaonja, akakunja uso: chumvi imezidi!

Aliyenicheka kuliko wote ni Mzee Petro. Huyu ni Msumbwa wa Ushirombo, rozari shingoni na maneno makali mdomoni, na ndiye aliyekuwa mwenzake baba shimoni. "Wenzio wanapiga picha za watu, wewe unapiga picha za hewa," aliniambia. "Ukimaliza hewa utapiga nini, usingizi?" Lakini alikubali kupigwa, na alivaa shati la kanisani.

Desemba nikampiga baba. Nilimsimamisha mbele ya ukuta wa nyumba ya Kabula, mimi nikakaa nyuma yake hatua tatu. Nikamwambia, mzee, onyesha kazi ya nguzo. Ee bwana! Alikumbatia gogo ambalo halikuwepo, akalisimamisha, akatazama juu. Juu ni mbingu tupu, lakini mimi na Kabula tukainamisha vichwa kwa kuogopa dari. Akagonga gogo kwa kifundo cha kidole, akasikiliza. Akashika nyundo kwa mkono wa kulia. Kisha akanyoosha mkono wa kushoto nyuma, kiganja wazi.

Akabaki hivyo.

Nilimwambia, "Endelea, mzee." Hakuendelea. Hakugeuka. Kiganja wazi. Kamera ikakoroma, ikalala. Nimefungua kurasa zako za nyuma nione niliandika nini siku ile, daftari. Niliandika: "Baba amesahau katikati ya kazi. Kipande cha mwisho hakifai."

Filamu ilikwenda kusafishwa, imechukua miezi minne kurudi. Muda wote huo nilikuwa na mpango wangu. Nilijisemea, akijiona mwenyewe ukutani, kwa macho yake, atashtuka, atazinduka. Na akizinduka, ataangalia ni nani aliyemleta. Ataniona.

Leo ndiyo ilikuwa siku. Mwenyekiti wa kijiji alinipa ghala la pamba, maana kabla ya msimu ni tupu, na ukuta wake wa ndani una chokaa. Tulifunga mlango kwa shida, mvua imeudidimiza mwimo wa mlango na ubao unaburuta chini, tukaziba mianya kwa magunia. Adhuhuri ikawa giza. Jenereta nililiacha nje chini ya turubai. Walikuja wazee wa mgodi kama kumi, Petro ametoka misa, majirani, na Kabula amemshika baba mkono, amemvalisha koti.

Mvua ilipiga mabati kiasi kwamba hata mimi sikuisikia sauti yangu. Kwa mara ya kwanza tangu nizaliwe nimeonyesha sinema nikanyamaza.

Mpishi alipojiona anaonja hewa, watu walivunjika mbavu kwa kicheko. Petro alipojiona alisimama, akaja kunipigia kelele sikioni: "Mbona nimezeeka hivyo? Filamu yako mbovu!" Mvua nayo ikaanza kulegea. Ndipo akatokea baba ukutani.

Kabula alimwinamia. "Baba, yule ni nani?"

Mzee alikaza macho, akasogeza kichwa mbele. Nilikuwa nimechomoa hata ile kalamu mfukoni nikaificha, nisimchanganye.

"Fundi," alisema. "Simjui. Lakini anaijua kazi."

Moyo wangu ukashuka mpaka kwenye viatu. Nilitaka anijue mimi, kumbe hata yeye mwenyewe hajijui. Miezi minne ya kungoja, na jibu ni hilo.

Kisha ule mkono ukanyooka nyuma, ukutani, kiganja wazi. Kile kipande kisichofaa.

Baba akaanza kuhangaika kwenye gunia alilokalia. "Anangoja kabari," alisema. Watu wakacheka kidogo. "Mwenzake yuko wapi? Amelala?" Wakacheka zaidi. Picha ikaisha, ukuta ukabaki mweupe, naye akasimama. "Nyie! Mpeni mtu kabari, dari inashuka!"

Hapo hakuna aliyecheka tena. Alikuwa na hofu ya kweli, hofu ya mtu aliyewahi kuona dari ikishuka.

"Rudisha," Petro aliniambia, sauti nyingine kabisa. "Masalu, rudisha kile kipande."

Nikarudisha filamu nyuma. Baba ukutani akakumbatia gogo lake upya. Na baba yangu wa koti akatembea mpaka ukutani, kivuli chake kikammeza yule mwingine, akasogea pembeni kidogo kama anayejua kupishana mahali pembamba. Mkono wa nuru ulipofunguka, alichukua kikopo chake cha ugoro akakiweka kwenye kile kiganja, akakandamiza. Akagonga ukuta kwa vidole viwili, pale kwenye kifundo cha mkono. Mara mbili, polepole.

Kikopo kikaanguka sakafuni. Mkono ukutani uliendelea kungoja.

"Hajashika," alisema baba, akiutazama mkono wake. Sijawahi kusikia neno lililoniingia kama hilo.

Nilizima mashine. Petro akaniita kando, na huyu mzee ambaye tangu utoto wangu hajawahi kuniambia jambo bila kunitania, akanieleza kama anavyoeleza katekista.

"Shimoni taa unaivaa kichwani. Ukigeuza kichwa umeondoka na mwanga, kazi imebaki gizani na dari iko juu yako. Kwa hiyo hugeuki. Unanyoosha mkono nyuma tu. Mwenzako anaweka kabari kiganjani, anakandamiza, anakugonga mara mbili kifundoni. Maana yake, nimeiachia, ni yako. Baba yako hakugeuka kunitazama kazini miaka kumi na moja, na siku nikiwa na homa alijua. Kwa mkono tu."

Mara mbili kifundoni.

Nikaona paa la nyumba yetu ya zamani, daftari, kabla hatujahamishiwa kwenye vijiji. Baba amekuja likizo kutoka mgodini, yuko juu ya ngazi anapigilia mbao. Mimi niko vipago viwili chini yake, misumari imejaa mdomoni. Mkono wake unakuja nyuma, kiganja wazi, bila kugeuka. Naweka msumari, nakandamiza, namgonga mara mbili, alivyonifundisha. Mama yuko chini na ungo wake anacheka: "Jua lote hili, Baba Kabula! Geuka umwone mtoto!" Naye anajibu, "Ya nini kumwona? Namjua."

Aliyesahau ni mimi.

Desemba ile hakukwama. Alinyoosha mkono kwa mtu aliyekuwa nyuma yake, na aliyekuwa nyuma yake hatua tatu nilikuwa mimi, mikono yote miwili imeshika kamera. Nikamwambia aendelee. Aendelee na nini, bila kabari? Na nikaandika kwamba kipande hakifai.

Mvua ilikatika saa tisa. Tukatoa magunia, tukaukokota mlango, jua likaingia na harufu ya udongo. Watu walitoka wakiruka madimbwi. Baba akabaki mlangoni.

Alikuwa anautazama ule mwimo uliodidimia. Alitazama juu, pengo lilipo kati ya nguzo na boriti. Akagonga nguzo kwa kifundo cha kidole, akasikiliza. Akainama, akaokota jiwe lililomjaa kiganjani. Na mkono wa kushoto ukaja nyuma.

Kabula alinitazama. Petro alinitazama.

Kamera ilikuwa ndani ya gari, imekazwa mpaka mwisho, na boksi la mwisho la filamu ndani yake. Nilikuwa nimeitunza kwa ajili ya leo, kwa ile saa atakayozinduka. Kutoka mlangoni mpaka kwenye gari ni hatua ishirini. Nitasema kweli: nililitazama gari. Hata mguu ulishaanza.

"Kimbilia mashine yako basi, mkubwa," Petro alininong'oneza. "Hewa hiyo, ipige."

Nikainama. Pale mlangoni kulikuwa na ubao wa sanduku lililovunjika. Nikaupasua kwa goti, nikachagua kipande chembamba upande mmoja, kinene upande wa pili. Nikakiweka kwenye kiganja cha baba. Nikakandamiza. Nikamgonga kifundoni, mara mbili.

Vidole vilifunga. Hakugeuka. Aliichomeka kabari kwenye pengo, akaipiga kwa jiwe mara tatu.

"Umechelewa, Masalu," alisema.

Hivyo tu, kwa ile sauti ya kumwambia mtoto aliyetumwa dukani akapitia kwenye mpira. Hata hakuwa amekasirika.

Mimi niliyezungumza na umati wa viwanja vizima, nilipata maneno mawili. "Nimechelewa, baba."

"Lete nyingine."

Nikaleta. Zilikuwa nne. Mara nne mkono wake ulikuja, mara nne niliugonga. Kabula alijifunika uso kwa kitenge. Petro alikuwa ameshika rozari, lakini midomo haikutembea. Kwenye ile ya nne baba aliuzuia mkono wangu kidogo, akaupima kama mtu anayepima ndizi.

"Mkono umekuwa mzito. Huko unakokwenda na magari, unakula vizuri?"

"Nakula, baba." Kitambi changu ni shahidi.

"Wabeja," alisema, ahsante ya kwetu, akapiga pigo la mwisho. Mlango ukasimama sawasawa. Akaujaribu: ukafunga, ukafunguka, bila kuburuta.

Kisha akageuka.

Alinitazama usoni, muda mrefu. Nikamwachia uso wote atazame, sikutabasamu, sikufanya mzaha. Macho yake yakatembea paji la uso, pua, kidevu, yakashuka mpaka mfukoni, ambako ile kalamu nilikuwa nimeshairudisha bila kujua. Akavua kofia.

"Mia mbili kumi na nne, bwana karani. Kazi imekwisha. Umeniandika?"

Nilimsikia Kabula akivuta pumzi. Najua alichongoja. Alingoja nimshike mzee mabega nimwambie, ni mimi, baba, sasa hivi umeniita! Wiki iliyopita ningefanya hivyo. Wiki iliyopita ningemtikisa mpaka aogope.

"Nimekuandika, mzee," nilisema.

Akavaa kofia yake, akaenda na Kabula kunywa chai. Alikuwa anatembea kama mtu aliyemaliza zamu.

Petro alikaa kidogo na mimi kwenye ngazi ya gari. "Sasa umepata filamu gani?" aliuliza. "Kitu kitamu kuliko vyote hukukipiga."

Nikamwambia nimekuwa mjinga ili nipate jibu la swali langu. Akacheka, akanipiga kofi la mgongo, akaondoka na shati lake la kanisani limeingia tope.

Lakini nimefikiri jioni yote, daftari. Kile kipande nilichokiita hakifai ndicho kitakachofunga filamu yangu. Mkono wazi, unangoja, mpaka kamera ilale. Sitakata hata picha moja. Atakayekitazama na awashwe kiganja.

Lile boksi la mwisho sijui nitalipiga nini. Halina haraka. Mimi ninayo, maana nimeshachelewa. Nilitakiwa kuondoka kesho alfajiri kwenda Kahama, lakini zizi la mbuzi la Kabula lina nguzo tatu zimelala kwa mvua hii, na nani asiyejua kwamba gari langu likilowa linakuwa gumu kuwaka? Nimeshachonga kabari sita. Ziko hapa kwenye dashibodi, zimepangwa, zinanukia mti mbichi. Kamera nimeitia kwenye sanduku, nimefunga. Kesho nitasimama nyuma yake, nifunge mdomo, ningoje mkono.

Na kwa kuwa mpaka leo nimeahidi mara ngapi sijui kwamba nimeandika, na siku zote nilikuwa naandika hewani, basi na iandikwe mahali panaposomeka:

Mia mbili kumi na nne: amefika.

Masalu: amefika. Amechelewa.